Kupashana siri ni jambo moja, kukabidhiana watu ni jingine

Oktoba 1999, kachero mmoja wa FBI alikuwa Cape Town akipekua faili za waomba hifadhi katika ofisi ya uhamiaji. Picha moja ikamkamata jicho. Jina lililoandikwa halikuwa la kweli, lakini sura aliijua: Khalfan Khamis Mohamed, Mzanzibari aliyekuwa akisakwa kwa shambulio la ubalozi wa Marekani jijini Dar es Salaam tarehe 7 Agosti 1998. Jamaa alikuwa ameajiriwa katika mkahawa mjini humo. Alipokwenda kushughulikia kibali chake alitiwa mbaroni, na muda si muda alikuwa angani kuelekea New York.

Wanaotetea ushirikiano wa kijasusi wangependa hadithi iishie hapo. Wanaoupinga wanaanzia hapo hapo, kwa kuwa mtu huyo alitolewa nchini bila kufikishwa mbele ya hakimu yeyote wa Afrika Kusini. Mimi naona pande zote mbili zinachanganya mambo mawili, kupashana habari na kukabidhiana watu, na mchanganyiko huo umetugharimu sana katika ukanda wetu.

Tuanze na hoja ya watetezi, maana ina uzito. Milipuko ya 1998, ya Nairobi na Dar es Salaam siku moja, haikutoka gizani kabisa. Mwaka mmoja kabla, Agosti 1997, FBI na polisi wa Kenya walipekua nyumba ya Wadih el Hage, mtu wa al-Qaeda, jijini Nairobi wakaondoka na kompyuta, na ndani yake mlikuwa na barua iliyozungumzia kikundi cha al-Qaeda Afrika Mashariki. Miezi michache baadaye Mmisri mmoja aliingia kwa miguu yake mwenyewe katika ubalozi wa Marekani Nairobi akaeleza njama ya kuulipua. Hakuaminiwa. Balozi Prudence Bushnell naye aliandikia Washington mara kadhaa akilalamika kwamba jengo liko karibu mno na barabara. Tume ya Admirali William Crowe, iliyochunguza milipuko hiyo, ilipotoa ripoti yake Januari 1999 ilisema hapakuwa na taarifa ya kuaminika iliyotaja wakati na mahali. Huenda ni kweli. Lakini vipande vilikuwapo, kila kimoja mezani kwa mtu wake.

Na waliolipia? Nairobi walikufa watu 213, na Wamarekani miongoni mwao walikuwa 12. Waliobaki wengi wao ni watu waliokuwa kazini Ufundi House, jengo la jirani lililoporomoka, au waliokuwa wakipita kwenye makutano ya Moi Avenue na Haile Selassie. Dar es Salaam walikufa 11. Ukiwa na takwimu hizo mkononi ni vigumu kumwambia Mkenya au Mtanzania kwamba siri za Wamarekani hazimhusu. Mwenye nyumba ndiye aliyekufa, na mwenye nyumba hakuambiwa.

Kuambiwa nako hakutoshi. Machi 2015 Uingereza iliwatahadharisha raia wake dhidi ya kuzuru sehemu za pwani ya Kenya na maeneo ya karibu na mpaka wa Somalia, Garissa ikiwemo. Tarehe 1 Aprili Rais Uhuru Kenyatta alizikosoa tahadhari za namna hiyo akasema Kenya ni salama kama nchi nyingine yoyote. Alfajiri ya kesho yake al-Shabaab wakavamia Chuo Kikuu cha Garissa, wakaua watu 148, wengi wao wanafunzi. Si haki kumcheka Uhuru kwa hilo tu. Kila tahadhari ya London ilikuwa ikifunga hoteli Mombasa na Malindi, na wahudumu wakirudishwa nyumbani. Ila kosa hilo halina taifa. Machi 2024 ubalozi wa Marekani Moscow uliwaonya raia wake wasikaribie mikusanyiko, matamasha ya muziki yakiwemo. Putin akaziita kauli za namna hiyo hila ya kuitisha na kuivuruga jamii ya Warusi. Siku tatu baadaye ukumbi wa Crocus ulishambuliwa na watu zaidi ya 140 wakafa. Anayekupa habari akiwa ni mtu usiyemwamini, habari yake huisikii hata ikipigwa kwa baragumu.

Kwa hiyo ndiyo, tupashane habari, na tuaminiane kiasi cha kuzisikiliza. Taabu inaanzia kwenye masharti yake.

Sharti kuu baina ya idara za ujasusi duniani ni hili: habari niliyokupa haiendi kwa mtu wa tatu mpaka mimi niseme ndiyo. Ndilo sharti linalobeba mapatano ya tangu 1946 kati ya Marekani na Uingereza, ambayo baadaye yaliziingiza Kanada, Australia na New Zealand. Lina mantiki yake. Hakuna atakayekutajia mtoa habari wake aliye ndani ya kikundi cha kigaidi kama anajua kesho jina litasomwa bungeni. Na anayetoa anaweza kufunga bomba wakati wowote: Machi 2025 Marekani ilisitisha kuipa Ukraine taarifa za kijasusi kwa takriban wiki moja, katikati ya vita, na Ukraine haikuwa na la kufanya. Nchi kama zetu zinaliona hilo na kuufyata.

Lakini bunge nalo ni mtu wa tatu. Mahakama ni mtu wa tatu. Familia ya aliyekamatwa ni mtu wa tatu. Sharti lililotungwa ili kumlinda mtoa habari sasa linamlinda pia afisa aliyemtia mtu kwenye ndege usiku.

Mwanzoni mwa 2007, vita vilipowasukuma watu kutoka Somalia kuingia Kenya, wanaume, wanawake na watoto wasiopungua 90, kwa hesabu ya Human Rights Watch, walikamatwa Kenya wakasafirishwa hadi Somalia kisha Ethiopia, ambako walizuiliwa na kuhojiwa. Wachache wangethubutu kusema kwamba mtoto alikuwa mshukiwa wa ugaidi. Mwaka huo huo Mohammed Abdul Malik, Mkenya aliyekamatwa Mombasa, akajikuta Guantanamo. Alitajwa katika shambulio la hoteli ya Paradise, Kikambala, la Novemba 2002, lakini hakuwahi kushtakiwa. Desemba 2021 bodi ya mapitio ilisema anaweza kuachiliwa. Akarudishwa Kenya Desemba 2024. Miaka 17 bila kesi.

Barabara ikishachongwa haichagui anayepita. Oktoba 2024 wakimbizi wanne wa Kituruki walitekwa Nairobi, na wizara ya mambo ya nje ikakiri kwamba walirejeshwa Uturuki. Mwezi uliofuata Kizza Besigye, mwanasiasa wa upinzani wa Uganda aliyekuja Nairobi kwa uzinduzi wa kitabu, akatoweka na kuibukia siku nne baadaye katika mahakama ya kijeshi Kampala. Hapo ugaidi umeshaondoka kabisa kwenye mazungumzo. Tumebaki na majirani wanaosaidiana kushughulikia wapinzani.

Watetezi watasema: mahakama ni za polepole, mawakili wataomba kuahirisha, mshukiwa atapewa dhamana na kuvuka mpaka. Hofu hiyo si ya kubuni. Fazul Abdullah Mohammed, aliyeongoza njama ya 1998, aliponyoka mikononi mwa dunia nzima kwa miaka 13 mpaka askari wa kizuizi cha barabarani Mogadishu walipompiga risasi Juni 2011, pengine bila hata kujua wamemuua nani. Hata hivyo njia ya mkato nayo huwa ndefu. Baada ya mabomu ya Kampala ya Julai 2010, yaliyoua watu zaidi ya 70 waliokuwa wakitazama fainali ya Kombe la Dunia, baadhi ya washukiwa walichukuliwa Kenya na kupelekwa Uganda juu juu. Kesi ikakwama kwa miaka huku mawakili wakipinga namna walivyofikishwa huko. Hukumu ilitoka Mei 2016.

Sasa turudi kwa Khalfan. Mawakili wake walikwenda Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini, na tarehe 28 Mei 2001 majaji wakaamua kwamba serikali ilivunja katiba kwa kumtoa mtu anayekabiliwa na adhabu ya kifo bila kupata kwanza ahadi kwamba hatanyongwa. Hawakusema Marekani isisaidiwe. Hawakutaka kujua FBI walipata wapi picha. Walisema tu kwamba mwili wa binadamu hautoki nchini bila sheria, wakaagiza nakala ya hukumu ipelekwe New York haraka. Kesho yake baraza la wazee wa mahakama huko likamtia hatiani. Lilipofika kwenye adhabu halikuafikiana kumuua, akafungwa maisha. Ushirikiano wa nchi hizo mbili haukufa.

Mpaka nilioutaka, kati ya habari na watu, si safi kama ninavyouchora. Habari peke yake inaweza kumvunja mtu. Maher Arar, Mkanada, alikamatwa New York 2002 akapelekwa Syria akateswa, na tume ya uchunguzi iligundua kwamba polisi wa Kanada waliwapa Wamarekani habari zisizo sahihi juu yake. Lakini tume hiyo iliongozwa na jaji aliyeruhusiwa kusoma mafaili ya siri, na Kanada ikamlipa Arar dola milioni 10.5 mwaka 2007. Siri zilikaguliwa, na washirika wa Kanada hawakukimbia. Kenya, kwa mujibu wa Sheria ya NIS, idara yake ya ujasusi, ya 2012, ina bodi ya kupokea malalamiko dhidi ya idara hiyo. Ina pia sheria mbili za kuwarejesha washukiwa, moja kwa nchi za Jumuiya ya Madola, nyingine kwa majirani na mataifa mengine, na zote zinapitia mbele ya hakimu.

Juni 2025 Mahakama Kuu ya Nairobi iliamua kwamba kukamatwa na kutolewa nchini kwa Nnamdi Kanu, kiongozi wa wanaotaka Biafra ijitenge, kulikuwa kinyume cha katiba, ikamtuza shilingi milioni 10. Alichukuliwa Kenya Juni 2021. Nigeria ni nchi ya Jumuiya ya Madola, na ombi la kumrejesha lingeweza kuwasilishwa kwa hakimu. Hukumu ilipotoka Kanu alikuwa bado kizuizini Nigeria, na fidia hiyo inamwangukia mlipa kodi wa Kenya.