Kiwanja changu kimesafiri kuliko mimi

Jamani mwenzenu nimenunua kiwanja Kigamboni, ishirini kwa thelathini, na mpaka leo hicho kiwanja kimeshasafiri kuliko mimi ambaye pasipoti sina na Zanzibar nimefika mara moja tu, tena kwenye msiba.

Shida ilianza na karatasi ya savea. Bikoni nne (zile nguzo za kona za kiwanja), kila bikoni na namba mbili, moja laki tano na arobaini elfu na kitu, nyingine milioni tisa laki mbili na thelathini na saba elfu, nikajua ndo deni lililobaki. Kumbe ni mita! Ikweta wameipa milioni kumi ili sisi wa kusini tusipate namba hasi, wanapunguza kushuka huku, kwahiyo niko kama kilomita 763 chini ya ikweta. Asante kwa taarifa. Mi nilitaka tu kumtumia dereva wa Fuso la mchanga lokesheni, na ramani ya simu haitaki mita, inataka latitudo na longitudo.

Nikaingia kwenye vile vikokotozi vya mtandaoni vya kugeuza mita kuwa nyuzi. Kinauliza kaskazini au kusini, chenyewe kimeshajiwekea kaskazini, nikabonyeza sawa. Kiwanja kikaja nyuzi 83 kaskazini. Nikavuta ramani, maji. Nikavuta tena, Bahari ya Aktiki, kwa dubu weupe huko. Wife akachungulia, "Baba Zai, na umeme hapo umefika?"

Nikaweka kusini. Sasa kinauliza zoni. We unajua zoni yako? Nikabahatisha 36, kiwanja kikahamia porini upande wa Rungwa, kwa tembo. Kumbe Tanzania imekatwa zoni tatu, yaani vipande vya kusimama kutoka kaskazini hadi kusini, 35, 36 na 37, na namba zilezile zinajirudia kila zoni kama Mtaa wa Uhuru unavyojirudia kila mji, usipotaja mji umepotea. Sie wa Dar ni 37.

Haya 37. Ikaja nyuzi 6 dakika 54 kusini, nyuzi 39 dakika 22 mashariki, nikaandika minus 6.54 na 39.22, si ndo hivyohivyo? Wapi! Dakika zinaishia 60 kama za saa, 54 inakuwa 0.9, mi kiwanja changu nimekiweka baharini kwenye njia ya boti za Zanzibar. Nikapiga hesabu upya, saa sita usiku hiyo macho mekundu, nikatanguliza longitudo badala ya latitudo. Hispania. Sikuisahihisha haraka, niliitazama kidogo.

Alfajiri ikakubali, Kigamboni, nikamrushia dereva. Savea siku tatu hapokei (siku ya hela ya bikoni alipokea kabla haijaita) akapiga saa nne, nikamsimulia kwa majigambo, akaniuliza, "Lakini ulichagua Arc 1960, si ndio?" 1960 baba yangu hajaoa! Kumbe vipimo vyetu vya zamani vinafuata hiyo Arc 1960 na simu zinafuata WGS84, kipimo cha GPS, dunia ni moja ila kila mmoja ameikadiria umbo lake kivyake, usipogeuza, pini huku kwetu inasogea kama mita 300 kaskazini. Mita mia tatu, kiwanja ishirini kwa thelathini!

Nikampigia dereva. "Bosi nimeshamwaga, kuna wazee walikuwa pale wamenishukuru sana."

Kanisa. Wanajenga ukuta. Nilivyofika zege limeshachanganywa, mzee wa kanisa kashika koleo anaimba, ningeanzia wapi. Jumapili mchungaji akamshukuru mfadhili asiyetaka kujulikana, akasema tumpigie makofi, nami nikapiga.