Siku Kompyuta Yangu Ilipopiga Yowe

Machi 2020 nilikuwa na steshenari Morogoro, chumba kimoja cha mbele: fotokopi, printa, mashine ya laminesheni, na kompyuta ya mezani iliyokula chumvi kuliko baadhi ya wateja wangu. Ilikuwa na Windows 7. Tarehe 14 Januari mwaka ule Microsoft walishaiaga rasmi, wakaacha kuipelekea masasisho ya usalama. Mimi nilikuwa sijaiaga, kwa sababu wa kuninunulia nyingine hakuwepo. Spika zake zilikuwa zimekufa, kwa hiyo niliiunganisha na sabufa, ile ya kupiga taarabu ili wateja wasisikie fotokopi inavyokwama. Hiyo sabufa naomba uikumbuke.

Shule zilipofungwa tarehe 17 kwa sababu ya korona, kazi zikamiminika. Wazazi wanataka maswali ya kuwashughulisha watoto, walimu wanakuja na flashi. Na flashi ya mwalimu ni kama daladala ya jioni, kila aina ya abiria yumo. Mwalimu mmoja alichomeka yake, mafolda yote yakageuka shotikati. Ukibonyeza, hakifunguki kitu. Dakika kumi baadaye flashi ya mzazi aliyefuata nayo ikawa hivyohivyo. Antivirusi yangu, programu ya kukamata virusi vya kompyuta, ilikuwa pale kwenye kona, kando ya saa, imetulia na alama yake ya kijani kama mlinzi aliyevaa sare akalala.

Nikampigia mpwa wangu. Alikuwa mwaka wa pili chuoni anasomea mambo ya kompyuta, vyuo navyo vimefungwa, yupo kwao Iringa anahesabu mabati.

"Anko, shikamoo. Hiyo antivirusi yako inafanya kazi kweli, au umeitundika kama kalenda?"

"Marahaba. Sasa nitajuaje?"

"Unaijaribu. Unaipa kirusi cha uongo uone kama itashtuka."

Akanieleza kwamba kuna kitu kinaitwa EICAR, jina la taasisi moja ya Ulaya ya watafiti wa antivirusi. Ni mstari mmoja tu wa maandishi, herufi na alama 68. Hauna madhara yoyote, hata ukiuendesha kwenye kompyuta ya zamani utaandika sentensi moja kwenye skrini na kuishia hapo. Ila watengenezaji wa antivirusi walikubaliana kwamba programu zao zikiuona zipige kelele kana kwamba zimeona kirusi chenyewe. "Lakini Anko," akasema, "ni kama kubonyeza honi kabla ya safari. Ikilia ujue honi ni nzima. Breki hujazijaribu."

Nikamwambia anitajie huo mstari. Angeweza kunitumia kwa WhatsApp, lakini simu yangu ilikuwa ya tochi. Basi akaanza kunisomea, alama moja baada ya nyingine, mtandao unakatikakatika.

"Zote herufi kubwa. Iksi, tano, o, mshangao, pii, asilimia, et..."

"Eti nini?"

"Et, Anko! Ile ei iliyojizungusha mkia. Halafu ei, pii, bano la mraba linalofungua, nne, mkwaju ulioangukia nyuma..."

"Mkwaju gani?"

"Ule ambao huutumiagi."

Tukafika kwenye kofia. Miaka tisa napiga chapa, barua za posa nimeandika, hati za viwanja nimeandika, sikuwahi kuambiwa kwenye kibodi kuna kofia. "Ipo juu ya sita," akasema. Kweli, ipo. Salio langu likakatika tukiwa kwenye alama ya dola, akanipigia yeye, tukaendelea mpaka nyota ya mwisho. Mstari wenyewe katikati unasema waziwazi kwa Kiingereza kwamba ni faili la kujaribia antivirusi. Yaani mwizi amevaa fulana iliyoandikwa MWIZI WA MAZOEZI.

Mara ya kwanza niliuandika kwenye Word. Mazoea yana tabu: nikaupigia mstari chini, nikauweka katikati ya ukurasa, Times New Roman, saizi 14. Nikahifadhi. Kimya. Mpwa wangu alicheka mpaka akakohoa. Word inachanganya maandishi na mambo yake mengine, akasema, tumia Notepad, na faili lianze na hiyo hiyo iksi, kisitangulie kitu. Nikaandika upya Notepad. Kimya.

Nikampandia hewani fundi aliyeniwekea ile antivirusi kwa shilingi elfu kumi na tano. Nilimwambia maneno ambayo siwezi kuyarudia hapa, mojawapo likiwa "mwizi". Akaja mbio na pikipiki, jasho linamtoka, akakagua, akasema programu ni nzima. Nikamwonyesha mstari wangu. Akasema huo hata yeye hauelewi, na kwamba labda inatoa sauti ila mimi sisikii. Hoja ya msingi kabisa hiyo. Nikainuka nikazungusha kitufe cha sabufa hadi mwisho. Kimya vilevile. Fundi akaondoka amenuna, akaniacha na sabufa yangu iko juu.

Wakati huo wateja wamejaa. Mzee mstaafu anataka kopi ya kitambulisho. Mama muuza vitumbua analaminisha cheti cha mwanawe. Kijana wa bodaboda anasubiri pasipoti saizi. Mlangoni nilikuwa na ndoo ya koki na sabuni kama tulivyoagizwa, kila anayeingia ananawa. Simu ikaita.

"Anko, ile herufi ya tatu umeweka nini?"

"Sifuri. Si ulisema tano, o?"

"O ya Omari, Anko! Si sifuri!"

Jamani. Sisi ndio wale tunaosoma namba ya simu "o saba tano". Ukiniambia o baada ya tano, mimi nitaweka nini? Nikafuta sifuri, nikaweka O ya Omari, nikabonyeza kuhifadhi. Na katika sekunde hiyohiyo, wallahi, yule mzee mstaafu akapiga chafya.

King'ora kililia kama gari la zimamoto limeingia ndani ya duka. Vitabu vya risiti vikatetemeka kwenye shelfu. Halafu ikaja sauti ya mwanamke wa Kizungu, nzito, yenye mamlaka, ikitangaza kwamba virus imegundulika. Kiingereza cha mtaani kwetu si cha kuringia, lakini neno "virus" mwezi ule hata kuku walikuwa wanalijua.

Watu wote wakamgeukia mzee.

Mzee akaitazama kompyuta, mkono bado uko puani. "Imenijuaje?" akauliza.

Hakuna aliyebaki kumjibu. Kijana wa bodaboda alitoka bila pikipiki yake. Mama wa vitumbua alipita na ndoo ya maji, koki, sabuni, vyote, na cheti kikabaki katikati ya mashine kikinuka plastiki. Mimi nikawa natafuta kitufe cha sabufa kwa mikono inayotetemeka, huku yule mama wa Kizungu ananitangaza kwa mara ya pili, maana nilipopapasa kibodi nilihifadhi tena.

Niliketi na mzee nusu saa nzima, nikimweleza kuwa ni kirusi cha kompyuta, tena cha uongo, cha majaribio. Alinisikiliza kwa adabu. Mwisho akasema, "Mwanangu, wewe ni mpole, hutaki kunitia hofu," akajifunga leso usoni, akaenda zake.

Kesho yake asubuhi nilikuta foleni. Nilidhani wamekuja kunichapa. Kumbe mtaa mzima umesikia kwamba steshenari kuna mashine inapima korona kwa kukuangalia tu. Baba mmoja aliweka elfu mbili mezani kabla sijamsalimu. Mwingine, nikiwa nabishana na huyo, alijifunulia skana mwenyewe akalaza kiganja kwenye kioo. Taa ikapita. Akauliza majibu yanatoka kwa rangi au kwa nyeusi.

Saa nne akaja mwenyekiti wa mtaa, barakoa usoni, kitabu cha kumbukumbu kwapani. Akasimama mlangoni, hakutaka kuingia.

"Ni kweli jana hapa kimegundulika kirusi?"

"Ni kweli, Mwenyekiti, ila..."

"Kiko wapi sasa hivi?"

Nikageuza skrini ili aone mwenyewe, nikamsomea kilichoandikwa, kwa sababu ndicho kilichoandikwa. "Kipo karantini."

Akaandika. "Tangu lini?"

"Jana saa nane mchana."

Akahesabu kwa vidole mpaka siku ya kumi na nne, akaandika na hiyo. Kisha akainua macho.

"Kwa gharama za nani?"

"Zangu, Mwenyekiti. Elfu kumi na tano."

Akatikisa kichwa kwa masikitiko, akaandika.