Goma ya sekunde 90

Hapa Brussels mtu akisikia unatoka Goma, mji wetu wa mashariki mwa Kongo, swali ni lile lile: "Bado kuna watu wanaoishi huko?" Linachosha, bandugu. Lakini anayeuliza hana ubaya. Televisheni imemtengenezea mji, na nyinyi mnapaswa kujua unavyotengenezwa.

Reportaji ya jioni ina sekunde 90, ikizidi sana dakika 2. Kila picha hukaa sekunde 3 hadi 5. Hesabu: kama picha 25, basi. Nyingi hununuliwa kwa mashirika ya habari, Reuters au AFP, ndiyo maana chaneli tofauti zinakuonyesha hema moja na mtoto mmoja. Picha mpya zikikosekana, hutolewa za zamani, na neno "archives" likiandikwa hujibana pembeni kwa herufi ndogo. Mama aliyekimbia anaachiwa sekunde 2 za Kiswahili chake, kisha sauti ya Kifaransa inamfunika. Chukudu, zile baiskeli zetu za mbao, zilizojaa viazi, samaki wadogo wa sambaza asubuhi pale soko la Kituku, watoto wakienda masomo: hakuna anayetuma kamera kwa hayo. Picha zote 25 ni za kweli, na mji haumo.

Najua mtakavyosema: huyu ameshiba mkate wa wazungu, sasa anataka tufiche vita. Hapana! Januari 2025, vita vilipoingia mjini, tulizika watu, na waonyeshwe. Ninachotetea ni desturi yetu ya kupima habari. Risasi zikilia kartie (mtaa) ya Birere, mtu anapigia shangazi yake kartie ya Ndosho, anampigia mwingine Himbi, halafu anangoja Radio Okapi, redio ya Umoja wa Mataifa. Kweli, WhatsApp inatuharibu, tunasambaza sauti isiyo na jina wala tarehe, na hilo linaniudhi kuliko swali la mzungu. Lakini kwetu bado tunauliza: nani ameona? Huku Ulaya kioo cha televisheni kikisema, mjadala umekwisha. Mtafiti wa televisheni George Gerbner aliliandika hilo Marekani tangu miaka ya 1970: anayetazama sana televisheni huiona dunia kuwa ya hatari kuliko ilivyo.

Kwa hiyo tazameni kwa macho ya mwenyeji. Ukiona lava ya volkano yetu Nyiragongo imepita katikati ya mji hadi ziwani, hiyo ni ya Januari 2002. Ile ya Mei 2021 iliishia Buhene, kabla ya uwanja wa ndege. Chaneli ikizichanganya, iandikieni siku hiyo hiyo, mkitaja dakika na sekunde picha ilipotokea. Tunadai vitu 2 kwenye kioo: tarehe, na jina la kartie.