Mkasi wa Duka la Dawa

Watu wengi wanaamini dawa ya cheti ni kali na isiyo ya cheti ni nyepesi, haiwezi kumdhuru mtu. Si kweli. Nchini Marekani, ibuprofeni ya miligramu 200 inauzwa bila cheti tangu 1984, lakini kidonge cha 600 au 800 lazima kiandikwe na daktari. Dawa ni ile ile. Kinachoamua kundi ni dozi, idadi ya vidonge kwenye boksi na ugonjwa unaotibiwa.

Mamlaka za dawa, kama TMDA kwa Tanzania, huangalia mambo yanayoeleweka. Mgonjwa anaweza kuutambua ugonjwa mwenyewe? Mafua, ndiyo, shinikizo la damu, hapana, linataka kipimo. Dozi inayotibu iko mbali kiasi gani na inayodhuru? Dawa inaleta uraibu, kama diazepamu, dawa ya kutuliza wasiwasi? Ikitumika ovyo, vimelea vitakuwa sugu? Hilo la mwisho ndilo linalozitia antibayotiki kwenye cheti, ingawa amoksilini kwa mtu asiye na mzio nayo huwa haina makuu.

Parasetamoli ndiyo inayoonyesha vizuri kwamba idadi nayo ni sheria. Mtu mzima mwenye afya asizidishe gramu 4 kwa saa 24, yaani vidonge 8 vya miligramu 500. Zaidi ya hapo ini liko hatarini, na mtu anaweza kujisikia nafuu siku ya kwanza huku ini likiendelea kuharibika. Ndiyo maana tangu 1998 duka la kawaida Uingereza haliuzi boksi lenye vidonge zaidi ya 16, na famasi huuza la 32. Kosa la kila siku ni kumeza parasetamoli, kisha juu yake dawa ya mafua ambayo ndani yake imo parasetamoli.

Sasa njoo kaunta ya mtaani kwetu. Muuzaji anachukua mkasi, anakata vidonge vinne kwenye pakti ya kumi, anakufungia kwenye kikaratasi. Tarehe ya mwisho wa matumizi na namba ya toleo mara nyingi hugongwa ukingoni tu mwa pakti. Wewe umeondoka na upande usio nazo. Karatasi ya maelezo imebaki kwenye boksi. Kwa maoni yangu, mkasi huu unavuruga mpangilio wa dawa kuliko hata kukosekana kwa cheti, maana DLDM (maduka ya dawa muhimu) zenyewe zinaruhusiwa kuuza baadhi ya dawa za cheti, amoksilini ikiwemo. Ruhusa hiyo ilitolewa kwa sababu nzuri: vijijini daktari yuko mbali. Lakini haikuwa ruhusa ya kuuza nusu dozi.

Nusu dozi nayo ina hesabu yake. Amoksilini ya miligramu 500, mara tatu kwa siku kwa siku tano, ni vidonge 15. Pakti ina kumi. Mwenye hela ya pakti moja anaondoka na siku tatu na kidogo, na mwenye hela ya "rangi mbili" nne, yaani vidonge vinne vya amoksilini, hafiki hata kesho kutwa.

Dawa ya mseto ya malaria ilishalitatua hili. Pakti zake zimepangwa kwa uzito: vidonge 6, 12, 18 au 24, na mchoro wa kumeza uko juu yake. Mtu wa kilo 35 na kuendelea anapewa 24, vinne kila mara, mara sita kwa siku tatu, dozi ya pili ikifuata saa 8 baada ya dozi ya kwanza. Hakuna cha kukata. Sioni kwa nini amoksilini ya watu wazima isifungwe kumi na tano.

Krimu za klobetasoli ni kesi nyingine, na inaniudhi zaidi. Zote mbili ni steroidi za kupaka: hidrokotisoni ya asilimia 1, iliyo nyepesi, nchi nyingi huiuza bila cheti. Klobetasoli, iliyo kali sana, ni ya cheti kwa sababu ikipakwa miezi hukondesha ngozi na huweza kuzubaisha tezi za adrenali, zile za homoni zilizo juu ya figo. Hapa inauzwa kama kipodozi cha kung'arisha uso, boksi zima, mkasi hauhitajiki.

Ukiwa kaunta, omba uone boksi kabla halijakatwa, soma jina la dawa lililo chini ya jina la biashara, na uliza dozi kamili ni vidonge vingapi. Hela isipotosha, mwambie muuzaji waziwazi. Mara nyingi ipo ya kampuni nyingine, dawa ile ile, kwa bei ya chini.