Risiti Si Mirathi

Jumamosi nilikwenda kumpa pole mama mmoja wa mtaani kwetu Shela, hapa Malindi. Mumewe katangulia mbele ya haki, naye anakaa eda: miezi minne na siku kumi, mlangoni hatoki ila kwa dharura. Nikamkuta analia. Nikadhani ni machungu ya msiba, kumbe ni karatasi. Mwanawe wa kiume, hitima haijapoa, alishafika kwa wakala wa mwenye ardhi, akalipa ijara, yaani kodi, ya kiwanja ya mwaka mzima na kuandikiwa risiti kwa jina lake peke yake. Sasa anawaambia mamake na dada zake wawili kuwa nyumba ni yake. Ushahidi? "Risiti hii hapa."

Hongera, bwana. Mamako kazuiwa ndani na amri ya Mungu, wewe ukaona hiyo ndiyo nafasi.

Sisi wa nyumba bila ardhi tunajuana. Kuta na makuti ni yetu, mchanga ulio chini una mwenyewe, na mara nyingi mzizi wa umiliki wake ni ile sheria ya hati za ardhi ya 1908, iliyowakuta babu zetu wengi hawana habari na daftari lolote. Ndiyo maana risiti tunaitunza kama hirizi. Lakini risiti inasema jambo moja tu: nani alipeleka pesa siku ile. Nikimtuma mtoto dukani, sukari haiwi yake kwa kuwa chenji alipewa yeye.

Alichoacha marehemu ni kuta, paa, milango, na ile haki ya kukaa pale madhali ijara inalipwa. Yote ni tirka, mali ya kurithiwa. Na kwetu sisi watu wa madhehebu ya Shafi, mkataba wa ijara hauvunjiki kwa kufa mpangaji; wenzetu wa madhehebu ya Hanafi ndio wasemao unavunjika. Sasa tupige hesabu: mjane, mwana mmoja, mabinti wawili. Mjane ana thumuni, fungu moja katika manane. Gawa mafungu 32: mjane 4, kila binti 7, mwana 14. Kumi na nne! Tayari kawapita wote, na bado ameyatolea macho yale manne ya mamake. Tena yule binti mkubwa ndiye aliyekuwa akinunua makuti kila paa likianza kuvuja. Leo anaambiwa "wewe umeolewa", kana kwamba mahari yalikuwa bei ya kumtoa kwenye mirathi.

Haya, kiwanja ni cha mwenyewe, na kwa hali zetu hizi aweza kutupa notisi siku yoyote. Sikatai. Lakini kumpa mpangaji notisi ni jambo moja, kumchagulia maiti mrithi ni jingine. Najua pia wakala hataki kuwafukuzia watu wanne kodi. Basi apokee kwa mkono wa mmoja, ila aandike "warithi wa marehemu fulani". Wino ni ule ule.

Kwa Kadhi je? Mlango upo, katiba imempa mirathi ya Waislamu katika ibara ya 170. Mabinti wanaona haya kumshtaki ndugu yao. Yeye haya hakuziona.

Na nyinyi mliopanga nyumba nzima msitucheke. Sheria ya kudhibiti kodi inalinda nyumba ya kodi isiyozidi shilingi 2,500 kwa mwezi. Nitafutieni moja hapa mjini, nihamie leo.

Nilirudi nyumbani nimepanda hasira, nikamwambia baba tuandike mambo yetu mapema. Akanitazama. "Wanitabiria kifo?" Baada ya isha akautoa mwenyewe ule mkebe wa biskuti wenye risiti zetu. Nikazipekua moja moja mpaka ya chini kabisa, iliyoliwa na mende pembeni. Zile kongwe zina jina la babu. Zinazofuata, kuanzia mwaka ule ule aliokufa, zina jina la baba. Peke yake.

Nina shangazi wawili Lamu. Mfunguo Mosi, Ramadhani ikiisha, wanakuja kututembelea, na baba ameshaurudisha mkebe juu ya kabati.