Mkaa ukishakolea ndo hatari yenyewe

Jamani mi ni mtu wa Makete, baridi naijua, mwezi wa sita na wa saba asubuhi unakuta majani yameganda barafu. Sasa nipo Minnesota, huku inafika -20 na kushuka zaidi, na gereji nina hita ya gesi ya mtungi nawasha nikiwa natengeneza gari.

Msimu wa kwanza nilifunga mlango wa gereji wote ili joto lisitoke, baada ya muda kichwa kikaanza kugonga, kichefuchefu, nikajua ni mafua tu, mara kengele ya ndani, ile inayonasa gesi ya sumu, ikalia maana gereji imeshikana na nyumba, tukatoka nje wote mbio. Na ile hita haikuwa na moshi wala harufu!! Moto ukikosa hewa ya kutosha unatoa gesi ya sumu, kaboni monoksaidi, huioni, huinusi, na inang'ang'ania kwenye damu zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni. Kumbe hita yenyewe imeandikwa ni ya nje tu. Nikanunua inayoruhusiwa ndani, mlango na dirisha naacha wazi kidogo, petroli nilihamisha kabisa kwa sababu mvuke wake unatambaa chini sakafuni unafuata moto, mtungi nabadilishia nje.

Sasa nyumbani. Nampigia mama, shikamoo, marahaba, ananiambia kaingiza jiko la mkaa chumbani, nikimuuliza anasema mwanangu mkaa umeshakolea, hauna moshi. Wote tumekua tukiamini hivyo, na ndo maana kila kipupwe tunazika watu waliolala na jiko. Mkaa mwekundu ndo unatoa hiyo gesi kwa wingi! Nyumba ya kupikia ya bibi ilikuwa na paa la nyasi, hewa inapita kila upande, leo tunajenga na madirisha ya aluminiamu na jipsam, hewa itapita wapi?

Huku Minnesota sheria inataka kengele ya hiyo gesi iwe ndani ya futi 10 kutoka kila chumba cha kulala. Kwetu Makete, Njombe, Mafinga, kwenye baridi kuliko wengi, hakuna anayeiulizia hata dukani, na hili linaniuma kweli. Mama nimempelekea kengele moja inayotumia betri, mdogo wangu kaifunga ukutani, jiko linabaki barazani na usiku analala na chupa ya maji ya moto miguuni.