Gobore la Mkwaja na bunduki za Amboni

Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi iliyochukua nafasi ya ile ya 1991 ilipitishwa mwaka 2015, mwaka ambao watu wa Tanga hawajausahau. Januari askari polisi waliporwa bunduki mjini. Februari polisi na jeshi la nchi, JWTZ, wakapambana na watu wenye silaha huko mapango ya Amboni, mwanajeshi akapoteza maisha. Anayetaka kila bunduki iandikishwe na mwenye nayo ajulikane ana hoja nzito, hasa mkoa ambao mpaka wake na Kenya, pale Horohoro, uko karibu hivyo.

Ila zile zilizoporwa zilikuwa mikononi mwa askari, hazikutoka kwa mkulima. Na mkulima ndiye anayebanwa zaidi.

Chukua Mkwaja, wilayani Pangani, kijiji kilichopakana na Hifadhi ya Taifa ya Saadani. Usiku nguruwe pori wanafukua mihogo. Kukicha ni zamu ya nyani kwenye mahindi. (Tembo simtaji, gobore litamkasirisha tu.) Kulinda kwa debe na moto kunachosha, na kifuta jasho cha serikali huja baada ya shamba kuliwa. Mkulima akitaka silaha kihalali, aanzie serikali ya kijiji, apite polisi na kamati za ulinzi na usalama, nauli juu yake. Gobore la babu, lililofuliwa na mhunzi, halina hata namba ya kiwandani. Kwa hiyo analisalimisha polisi wanapotangaza msamaha, au analificha darini. Wengi, nadhani, wanaficha.

Wanaopinga kumlegezea mkulima masharti watasema gobore hilohilo huua swala wa kitoweo, na kwamba Kilindi na Handeni, ambako wakulima na wafugaji wamegombania ardhi miaka mingi, mapanga na sime yanatosha kumwaga damu. Kweli kabisa. Mimi mwenyewe nisingependa kila nyumba iwe na lake.

Ninachokiona ni kwamba tunabana mahali pasipo hatari kubwa. Gobore linalolala kijijini, limesajiliwa, linatoka kwa zamu chini ya mgambo, ni jambo moja. Bunduki iliyofungwa kwenye kiroba juu ya bodaboda saa nane usiku ni jambo jingine, na huko ndiko adhabu na vizuizi vielekezwe, pamoja na ukaguzi wa ghala za silaha za polisi wenyewe.